Jani la Isale Lililoliwa na Pofu

Nilimwonea wivu tumbili. Nalisema mapema ili msomaji asije akanidhania mtu mwema, halafu huko mbele akajiona amedanganywa. Nilikuwa mtu mzima, mwalimu wa shule ya msingi, nina mume na mtoto na nyumba ya kupanga Sokon One, na bado nilimwonea wivu mnyama asiyefikia kimo cha ndoo ya lita ishirini.

Tumbili mwenyewe aliingia kwa mama yangu, Olmotonyi, mwaka uliofuata baada ya kumzika baba. Baba alikuwa akifanya kazi kwenye kitalu cha miche cha chuo cha misitu. Alipofariki, mama alibaki na ng'ombe mmoja, migomba, na mimi mtoto wake wa pekee, ambaye nilikuwa napanda huko mara moja kwa mwezi, tena kwa haraka, mkono mmoja umeshika mlango wa kuondokea. Siku moja mbwa walimuua tumbili jike kando ya shamba. Mtoto wake akabaki ameng'ang'ania maiti, sikio la kushoto limekatwa ncha. Mama akamwokota, akamfunga kifuani kwa kanga, akamnywesha maziwa kwa chupa ya dawa ya kikohozi. Wiki mbili baadaye nilipofika, tumbili alikuwa analala jikoni kwenye kikapu, na mama alikuwa akimwita mwanangu.

"Mwanangu amekula vizuri leo. Mwanangu ana mafua." Mimi niliyetoka tumboni mwake nilikuwa naitwa wewe. "Wewe, umekuja na sukari?"

Sasa nieleze habari za jirani. Mama yangu ni Mchagga wa Machame. Jirani yetu ni Mwarusha, na mimi tangu utotoni namwita yeyo, kama Waarusha wanavyowaita mama zao. Mama alipoletwa Olmotonyi akiwa bi harusi, alipanda masale kwenye mpaka wa shamba, kama wanavyofanya kwao. Ni mmea wa majani marefu ya kijani, na kwa Wachagga si ua tu. Ukimkosea mtu, unakata jani la isale, unalifunga fundo, unampelekea, na yeye hana ruhusa ya kukataa kukusamehe. Lakini katika safu hiyo ya masale mama aliacha pengo la upana wa mtu mmoja, na pengo hilo lilifanya kazi kuliko geti lolote. Humo zilipita chumvi, makaa ya moto, umbea ukiwa bado wa moto, na bakuli za loshoro, chakula cha Waarusha cha mahindi, ndizi na mtindi, ambacho mama alikuwa anakipenda kuliko ndizi za kwao, ingawa hakuwahi kukiri mbele ya Wachagga wenzake.

Siku ya balaa, binti yangu, akiwa na miaka saba, aligombania ndizi na tumbili. Tumbili akamng'ata mkono. Mama na mimi tukasimama jikoni tukibishana ni nani aliyemchokoza mwenzake. Wakati sisi tunabishana, yeyo alipita kwenye pengo, akamweka mtoto mgongoni, akashuka naye mpaka zahanati. Aliporudi, mtoto ameshachomwa sindano na kufungwa bandeji, alisimama pale pale kwenye pengo akapaza sauti hadi mtaa mzima ukasikia: "Huyu mnyama wako ataondoka, hata kama ni mimi nitakayemwondoa!"

Maneno hayo ndiyo yaliyomponza. Siku kumi baadaye watu wa maliasili walikuja na gari na kizimba. Waliongea kwa upole, wakaeleza kwamba sheria hairuhusu kufuga mnyama wa porini, na kwamba atapelekwa mahali pa kulelewa na wenzake. Mama alimkabidhi tumbili kwa mikono yake mwenyewe, maana hakutaka mtu mwingine amshike. Alilia sana. Kisha akageuka, akaangalia upande wa pengo. Jioni ile alichimba mashimo matatu akapanda masale pale pale, akaliziba.

Kwa miaka minane hawakusalimiana. Kanisani mmoja alikaa benchi la mbele kulia, mwingine la nyuma kushoto. Na yeyo hakujitetea hata siku moja.

Aliyewapigia simu watu wa maliasili nilikuwa mimi. Ningependa kusema nilipiga kwa ajili ya usalama wa mwanangu, na nusu ya hayo ni kweli. Nusu nyingine nimeshaisema pale juu. Kidonda cha mtoto kilikuwa kimeshakauka siku niliyokutana na ofisa wao njia panda karibu na chuo, ili nimwonyeshe nyumba kwa kidole. Nakumbuka mwanamke mmoja alipita akiwa na mzigo mkubwa wa majani ya ng'ombe kichwani, yamemwangukia mpaka mabegani, uso hauonekani. Niligeuka nikajifanya natafuta kitu kwenye pochi.

Nilidhani hasira ya mama ingepita kama mvua. Nikasema nitakiri mwezi ujao. Mwezi ujao nikasema nitakiri Krismasi. La kuvunda halina ubani, na langu lilivunda miaka minane.

Mwaka huu binti yangu anapata kipaimara. Mama alikaa sebuleni kwangu akataja wageni wa kualikwa, mimi naandika. Alitaja hadi fundi aliyewahi kumtengenezea paa. Yeyo hakumtaja. Binti yangu akauliza, kwa sauti ya kawaida tu, "Bibi, na yule aliyenibeba siku nilipong'atwa?" Mama akasema, "Nimemaliza. Andika na mchungaji." Usiku ule sikula. Niliona wazi kwamba nisiposema mwaka huu, siku moja nitasimama kwenye msiba wa mmoja wao, na mwingine atakuwa amekaa benchi la nyuma kushoto.

Basi kina mama wa usharika wao waliponiomba niwatafutie mahali pa matembezi ya mwaka, na gari la kukodi, kwa vile mwalimu anajua kuandika barua, jibu nilikuwa nalo tayari. Upande wa pili wa mji, chini ya Meru kwa mashariki, kuna mahali wanapotunza wanyama waliookolewa. Yule ofisa aliniambia tangu zamani kwamba tumbili wetu yuko huko. Sikumwambia mama. Nilisema tu kwamba kuna wanyama, kuna nyasi za kukalia, na choo ni kizuri. Choo ndicho kilichopitisha hoja.

Nililala Olmotonyi. Alfajiri mama akiwa anakamua, nilikata jani la isale, tena pale pale pengo lilipokuwa. Nikalifunga fundo, nikaliweka kwenye pochi. Sikutaka kulikunja zaidi, nikihofia kuliharibia maana yake, kwa hiyo nusu yake ilibaki nje. Hapo ndipo nilipokosea, lakini tusitangulie.

Kwenye Coaster mama alikaa siti ya mbele. Yeyo alikaa ya mwisho kabisa, hotpoti ya loshoro mapajani. Mimi nilikaa katikati kama mtu anayesubiri kuitwa kwa hakimu. Tulipofika Olasiti kina mama walianza nyimbo za kwaya, na hapo nikasikia jambo lililonipa moyo. Mama alishika sauti ya kwanza kule mbele, yeyo akashika ya pili kule nyuma, kama walivyoimba tangu ujana wao, na sauti hizo zilikutana juu ya vichwa vyetu bila kukosana hata mahali pamoja. Watu wasiosalimiana!

Tulipokelewa na mtunzaji, mama wa makamo mwenye gambuti na kicheko cha karibu. Alitupa masharti matatu: tusiwalishe wanyama, tusiwaguse, tusipige kelele. La tatu lilivunjwa kabla hajamaliza kulitaja, kwa sababu kobe mkubwa kama beseni la kufulia alitokea nyuma yake. Kina mama wote thelathini, wamevaa vitenge vya sare, walimzunguka. Mmoja akauliza kobe ana miaka mingapi. Alipoambiwa anaweza kuwa mkubwa kuliko wote waliopo, akapiga goti kidogo akamwamkia shikamoo. Tulicheka mpaka mtunzaji akaegemea mti.

Kulikuwa na fisi wa miguu mitatu aliyenaswa kwenye mtego wa waya. Mwanamke mmoja, mfugaji, alimtazama kwa muda mrefu, kisha akamhutubia kwa Kimaasai. Tuliomba tafsiri. "Namwambia pole kwa mguu," akasema, "lakini mbuzi wangu wawili sijawasahau." Kulikuwa na korongo mwenye taji aliyevunjika bawa, anatembea kwa maringo kama bi harusi aliyechelewa makusudi. Mama alicheka. Nilikuwa sijamwona akicheka hivyo tangu enzi za baba, na nikazidi kuogopa, maana ni mimi niliyekuwa naenda kukikata kicheko hicho.

Tukafika kwa tumbili. Walikuwa kwenye uzio mpana wenye miti ndani yake. Wenzetu waliwatazama wakapita. Mama hakupita. Alisogea mpaka kwenye kamba ya kuzuia watu, akanyoosha shingo.

"Sikio," akasema.

Tumbili jike alikuwa amekaa kwenye tawi la chini, sikio la kushoto halina ncha. Mama aliita kwa kugonga ulimi mara tatu, vile alivyokuwa akimwita jikoni saa ya maziwa. Tumbili aliinua kichwa. Alimwangalia mama, labda kwa muda wa kuhesabu mpaka tano. Kisha akainama, akaendelea kumchambua manyoya mtoto mdogo aliyekuwa amejificha tumboni pake.

"Mae!" mama akapaza sauti, masharti ameyasahau. "Ana mtoto! Mnaona? Mwanangu ana mtoto!" Machozi yalikuwa yanamtoka na huku anacheka. "Na hata salamu hanipi!"

"Ndivyo watoto walivyo wakishakua," mwenzake mmoja akamwambia.

"Najua," mama akasema, akanitupia jicho. "Ninaye mwingine wa hivyo hivyo."

Mtunzaji akatueleza kwamba tumbili yule ni mlezi hodari; kila yatima anayeletwa, yeye ndiye anayempokea. Mama alivuta kitenge akajiweka sawa kama mtu aliyetajwa jina kwenye mahafali. "Nilimlea kwa chupa ya dawa ya kikohozi," akamwambia. Nilipogeuka nikamwona yeyo amesimama hatua kadhaa nyuma, anafuta macho kwa ncha ya kanga. Hakusogea.

Nikajua kwamba nikingoja chakula kiishe, nitangoja mpaka Krismasi tena. Kina mama walipokuwa wanatandika vitenge kwenye nyasi, nilimwomba mama tusogee kando. Kisha nikamwita yeyo. Alikuja na hotpoti yake mikononi. Wakasimama kila mmoja upande wangu, wanaangalia mlima, kama watu wawili wasiojuana kwenye foleni ya hospitali.

"Mama," nikasema, "leo sikuja kutembea tu."

Nikapeleka mkono nyuma kwenye pochi kuchukua jani. Mkono ukagusa kitu cha moto, kilicholowa, chenye pumzi.

Niligeuka. Pofu, yule swala mkubwa kama ng'ombe, alikuwa amesimama nyuma yangu. Baadaye tuliambiwa kwamba aliletwa akiwa ndama asiye na mama, akalelewa kwa chupa, na sasa huzunguka uwanjani apendavyo na kujiona mwenyeji. Jani langu lilikuwa mdomoni mwake. Nililivuta. Naye akalivuta, kwa upole kabisa, kama anayenishangaa kwa kukosa adabu. Fundo lilibaki likining'inia kwenye mdomo wake dakika moja, kisha nalo likaingia.

Kina mama walipiga kelele. Mtunzaji alikuja mbio na gambuti zake. "Mama zangu, tulisema hatulishi wanyama!"

"Sikumlisha!" nikasema. "Ameniibia!"

Akauliza ni jani gani. Nilipomwambia akashusha pumzi, akasema hilo analinyofoa kila siku kwenye ua wao, halijamdhuru. Lakini mama yangu alikuwa hanisikilizi mimi wala mtunzaji. Alikuwa anatazama mdomo wa pofu.

"Lile lilikuwa isale?"

"Ndiyo, mama."

"Lilikuwa na fundo?"

"Lilikuwa nalo."

"La nani?"

"Lako."

Nikasema yote hapo hapo, bila jani mkononi, mbele ya kina mama thelathini na hotpoti zao. Nikasema si yeyo. Nikasema mimi ndiye niliyepiga simu, mimi ndiye niliyeonyesha nyumba, na mimi ndiye niliyekaa kimya miaka minane nikimwona mtu asiye na kosa akihukumiwa. Nilipomaliza, sauti pekee iliyosikika ni ya pofu akitafuna.

"Kisa?" mama akauliza.

Ningeweza kusema ni kidonda cha mtoto. "Ulikuwa unamwita mwanangu," nikasema. "Mimi ulikuwa huniiti hivyo." Nikaanza kulia kama mtoto wa chekechea, mimi mwalimu.

Uso wa mama ulikuwa umekaza. Akasema polepole, "Isale halijafika mkononi mwangu. Na bila isale, mimi sina la kusamehe."

Hapo ndipo yeyo alipofungua mdomo. "Limeshapokelewa," akasema. "Mnyama amelipokea."

Mama akamgeukia kwa kasi. "Pofu si mtu wa ukoo wetu!"

"Ni ng'ombe wa porini. Sisi kwetu mtu akitaka amani anashika nyasi. Na mwenye nyasi ni nani kama si ng'ombe?"

"Kwenu nyasi, kwetu isale. Usichanganye."

"Miaka arobaini nimekaa kwenye mpaka wa masale yako, leo uniambie siyajui?"

"Na huyajui! Isale likishatolewa halirudi. Hilo unalijua?"

"Haya," yeyo akasema, akaweka hotpoti chini ili mikono iwe huru. "Limetolewa au halijatolewa? Limetoka kwenye pochi, limeondoka, halirudi. Umesema mwenyewe."

Kina mama wakaangua kicheko. Na ndipo mama na yeyo, kwa wakati mmoja, walipogundua kwamba wanaongea. Yeyo aliinamisha macho. Mama alishika shavu. Kwa miaka minane nilikuwa nimetunga hotuba nyingi za kuwapatanisha, na hakuna hata moja iliyokuwa na ubishi wa ng'ombe wa porini ndani yake.

Kisha mama akauliza, sasa kwa sauti ya chini, "Na wewe, mbona hukusema si wewe?"

"Ungeuliza, ni nani basi," yeyo akajibu. "Siku ile nilipita njia panda na mzigo wa majani. Nilimwona mtoto wako amesimama na ofisa, anaonyesha kwa kidole."

Mwanamke wa majani.

"Ulimwona ukanyamaza? Miaka yote hii?"

"Mume umeshamzika. Tumbili wameshamchukua. Huyu mtoto ndiye peke yake uliyebaki naye, tena anakuja mara moja kwa mwezi. Ningekuambia ni yeye, ungebaki na nani? Mimi jirani ni jirani tu. Nikaona heri unikasirikie mimi."

Mimi nilipiga magoti kwenye nyasi, sikujua nimwangukie yupi, nikashika miguu iliyokuwa karibu, nayo ilikuwa ya yeyo. Aliniinua kwa kunishika kiwiko, akanitemea mate kidogo kichwani, baraka yao Waarusha. Mama aliketi chini kwa uzito, akafuta pua, akaivuta hotpoti kwake.

"Wewe," akaniambia, "leta sahani. Loshoro linapoa."

Alikula sahani mbili. Ya tatu aliipokonya kwa mwenzake.

Wakati wa kurudi walikaa siti moja, wakaongea kutoka kule mpaka Olmotonyi, miaka minane ina mengi. Waliongelea waliokufa, walioolewa, ng'ombe waliozaa mapacha. Mimi nilipewa hotpoti tupu niishike.

Asubuhi iliyofuata niliamshwa na sauti ya panga. Nilitoka nikamkuta mama mpakani, amefunga kitenge kiunoni, anakata masale yale aliyoyapanda jioni ile ya tumbili. Yalikuwa yamenenepa, ilibidi ayapige mara nyingi. Pengo lilipofunguka, tukaona moshi wa jikoni kwa yeyo. Mama aliokota jani moja zuri, akalifuta vumbi, akalifunga fundo.

"Mpelekee," akasema. "Mwambie ni langu mimi. Nimemkosea miaka minane na hakuwahi kunijibu neno baya."

Nilipokea. Nilikuwa nimeshavuka nusu ya pengo aliponiita tena.

"Mwanangu," akasema, "linyanyue juu. Ana ng'ombe watatu pale."